Shada Shingoni mwa Injini

Mlango wa baraza tuliuacha nusu wazi wiki jana, shahidi wa siri wa Reli akiwa ametanguliza kiatu kimoja tu. Wiki nzima kiatu hicho kimekaa kizingitini. Haya, mwenye kiatu sasa anaingia.

Kajri Sahu hakuhitaji kuuona uso. Kiatu kile cheusi, kilichong'arishwa kwa mafuta ya haradali, alikijua vizuri mno. Alikiinamia na kukigusa kwa vidole vyake mwenyewe siku ya posa.

"Mheshimiwa," akasema wakili wa Reli, Bibi Bagchi, mwanamke mwenye sauti ya kukata vitunguu, "shahidi wetu ni dereva wa injini inayopanga mabehewa pale stesheni ya Birajpur. Baleshwar Mistri."

Baleshwar Mistri! Kwa wewe uliyedandia hadithi hii njiani, Reli inamdai Kajri tozo kwa kuchelewa kupakua mabehewa kwenye bohari yake, na mzee huyo ni babake Avdhesh. Na Avdhesh ndiye bwana harusi wa Kajri. Kadi zimegawiwa, wapiga tarumbeta wamekula advansi, na farasi wa kumbeba bwana harusi ameshawekewa oda.

Hapo Kajri akafanya kosa ambalo binti yeyote wa Birajpur angelifanya. Akavuta mtandio akafunika kichwa, akachomoka alipoketi, akainama katikati ya baraza na kugusa miguu ya shahidi wa upande wa pili.

Na mzee, kwa mazoea, akamwekea mkono kichwani. "Uishi miaka mingi, mwanangu, na popote uendako ushin..."

Akauuma ulimi wake mwenyewe. Neno lilikuwa "ushinde".

"Napinga!" Bibi Bagchi aliruka kama aliyekalia sindano. "Anamrubuni shahidi wangu machoni petu!"

"Anamsalimu mkwewe, mama," akajibu wakili wa Kajri, mzee Chaurasia, shavu moja limevimba kwa tambuu. "Kwenu wakwe mnawasalimu kwa teke?"

Ukumbi ukaangua kicheko. Mheshimiwa Ekka, mwenyekiti wa baraza, akagonga meza. "Wakili, katemee nje hicho ulichonacho mdomoni. Binti, rudi ukae. Mzee, kula kiapo."

Mzee akaapa. Shati jeupe, alama nyekundu kwenye paji la uso, mikono mikubwa ya mtu aliyeshika chuma maisha yake yote. 

"Siku ya ibada ya puja ya Vishwakarma, mungu wa mafundi," akaanza Bibi Bagchi, "mabehewa ya saruji ya binti huyu uliyafikisha lini kwenye bohari yake?"

"Asubuhi."

"Una hakika?"

"Nimesema asubuhi."

"Na wachukuzi wake walikuwa wapi?"

"Wanasherehekea. Hawakugusa mzigo."

"Kwa hiyo mabehewa ya Reli yalikaa bure kutwa nzima kwa uzembe wa nani?"

Mzee akainua macho akaitazama feni ya darini. Feni haikuwa inazunguka. "Wa bohari," akasema.

Uongo! Kajri alitaka kupiga ukelele. Akaung'ata mtandio badala yake.

Kutwa ile mabehewa yalisimama mbali, nje ya taa ya ishara, kama ng'ombe waliosahauliwa malishoni. Wachukuzi walikaa kwenye kibaraza cha bohari wakicheza karata na kuyakodolea macho. Puja ile haiwazuii wao kufanya kazi hata kidogo. Siku ya Baba Vishwakarma vinavyopumzishwa ni vyombo vya kazi, na mchukuzi chombo chake ni shingo tu, nayo shingo huwezi kuilaza madhabahuni ukaenda zako. Mabehewa yaliingia jua limezama. Lakini wachukuzi walipolisema hilo mbele ya baraza, Bibi Bagchi aliwafuta kwa pumzi moja: "Wanakula kwake hawa."

Na sasa dereva mwenyewe amesema asubuhi, na Bibi Bagchi ameshaomba kibali cha bohari kifutwe.

Kajri alijua maana yake. Tozo ile ya ucheleweshaji ikithibitika, kulipa kutakuwa nusu tu ya msiba. Kibali kitafutwa. Bohari aliyoianzisha marehemu babake kwa kubeba magunia mgongoni itapewa mtu mwingine, na wachukuzi wote waliomlea Kajri kwa zamu, wakimkalisha juu ya magunia na kumlisha karanga, watatawanyika kama maji.

"Tunapumzika kidogo," akasema Mheshimiwa Ekka. "Tukirudi, Wakili Chaurasia atamhoji shahidi. Na awe na cha kuuliza."

*

Nje Kajri hakuweza kutulia. Alikwenda hadi langoni akarudi, akaenda tena akarudi tena. Alinunua chai kwenye kikombe cha udongo akaisahau mkononi. Muuza vitonge vya litti akamwambia, "Dada, wewe ukiendelea hivyo utanichimbia mtaro mbele ya biashara."

Avdhesh akatokea upande wa choo, shati limepigwa pasi, kalamu mfukoni, karani wa stesheni kuanzia nywele hadi kisigino.

"Ulijua anakuja?" Kajri akamvaa.

"Punguza sauti, watu wanatutazama."

"Watazame. Ulijua?"

"Nilijua jana." Akainamisha kichwa. "Ningefanyaje, Kajri? Mkubwa wa stesheni ndiye aliyembana mzee. Kabakiza kidogo tu astaafu. Wakubwa wakijua kwamba injini ya serikali ililala kutwa nzima imevishwa maua kwa sababu ya puja, kiinua mgongo chake kinakwenda na maji."

"Kwa hiyo unajua kwamba ni uongo."

"Mimi najua kula na kulala."

"Na bohari yangu?"

Avdhesh akatabasamu lile tabasamu lake la kumbembeleza mtu mwenye homa. "Bohari ya nini tena? Mwezi ujao ni mke wa mtu. Mke wa karani atashinda anagombana na wachukuzi vumbini? Ukishindwa leo, dunia haiishi. Nina mshahara. Utakaa ndani, utapumzika."

"Hayo ni maneno yako au ya babako?"

"Yetu sote." Kisha akasogea karibu. "Na mzee ana neno lake moja. Ukimwita mwongo mbele za watu, hakuna farasi atakayefika mlangoni kwenu."

Akaondoka. Chai ikamwagika mkononi mwa Kajri, wala hakusikia kama ni ya moto.

"Mwache aende," akasema Chaurasia, ambaye alikuwa nyuma yake muda wote akijifanya anachagua tambuu nyingine. "Tutamwita mzee mwongo. Nimeshawaita waongo watu wakubwa kuliko yeye, na wengine walinialika chakula baadaye."

Kajri akatikisa kichwa. "Ukimwita mwongo ataapa mpaka jioni. Humjui. Yule mzee ukimwambia mvua inanyesha, na yeye ameshasema jua, atasimama mvuani mpaka apate kichomi."

"Sasa tufanyeje?"

"Tukubali."

"Tukubali nini?"

"Kila alichosema."

Chaurasia akaimeza tambuu nzima, na hilo si jambo dogo kwa mtu wa umri wake. Alipomaliza kukohoa akasema, "Binti, hiyo chai waliitia nini?"

Kajri akamwinamia sikioni. Akanong'ona. Wakili akasikiliza, na kadiri alivyosikiliza ndivyo macho yalivyozidi kumtoka.

"Hapana," akasema. "Hapana, hapana. Kumwita mtu mwongo ni kazi yangu. Hilo lako ni jambo jingine. Nikimuuliza mzee wa watu swali kama hilo, hakuna fundi wa ukoo wake atakayekuja kunitengenezea hata bomba. Na nina binti wa kuoza hapa mjini."

"Sijakuomba uulize wewe."

"Na akishikilia uongo wake? Tukishakubali, tumekubali! Tunatoka hapa huna bohari, huna kibali..."

"Najua."

"...na huna mume!"

"Wakili," akasema Kajri, "nimesema najua."

*

Baraza likarudi. Benchi la nyuma lilikuwa limejaa mafundi na madereva wenzake Baleshwar, waliokuja kumpa moyo mwenzao. Avdhesh alisimama karibu na mlango, mikono nyuma.

"Mheshimiwa," akasema Chaurasia kwa sauti ya mtu anayesoma tangazo la kifo chake mwenyewe, "mteja wangu anakubali ushahidi wa Mzee Baleshwar. Wote. Na anaomba amuulize mwenyewe maneno machache."

Bibi Bagchi akafunga faili lake kwa furaha. Mlangoni, Avdhesh akashusha pumzi ndefu.

"Anakubali wote?" Mheshimiwa Ekka akavua miwani. "Binti, unajua unachokifanya?"

"Najua, Mheshimiwa." Kajri akasimama, mtandio bado kichwani, macho chini kama inavyompasa mkwe. "Babuji, baba yangu, shikamoo."

"Marahaba, mwanangu," mzee akajibu polepole. Alikuwa amejiandaa kwa matusi. Hiyo shikamoo ilimvuruga.

"Babuji, mimi karibu naingia nyumbani kwako. Sina mama wa kunifunda. Naomba unifundishe desturi za nyumba yenu, nisije nikawatia aibu."

"Napinga," akasema Bibi Bagchi, ila kivivu. "Hapa ni baraza au jikoni?"

"Ameshakubali ushahidi wako wote," akajibu Mheshimiwa Ekka. "Mwache aulize cha jikoni."

Kajri akainua uso kidogo. "Babuji, siku ya Vishwakarma, kisu cha jikoni kwenu kinaguswa?"

Mzee akakaa vizuri. Hilo alilijua. "Hakiguswi! Mamake Avdhesh hukata mboga za siku hiyo jana yake."

"Na mkasi?"

"Unafungwa kitambaa."

"Na cherehani?"

"Inapakwa alama nyekundu, inapumzika. Sisi ni uzao wa mafundi, mwanangu. Babu yangu alikuwa mhunzi. Siku ile hata msumari ukidondoka kwetu, hauokotwi."

Benchi la nyuma likaguna kwa kuridhika. Fundi mmoja akampiga mwenzake kiwiko: umesikia watu wenye nidhamu?

"Hata baiskeli ya Avdhesh?"

"Atembee! Miguu anayo!"

"Ahsante, Babuji. Nimeshika." Kajri akaurekebisha mtandio. Chaurasia akafumba macho. "Na injini?"

Benchi la nyuma likainua vichwa.

"Injini nini?" mzee akauliza.

"Injini yako, Babuji. Ile unayoivisha shada la maua kila mwaka, ukaipasulia nazi. Umesema asubuhi ya puja uliyaleta mabehewa bohari kwangu. Nimekubali. Nataka tu kujua ulifanyaje. Shada ulilikata kwa mkono wako, au ulimtuma mtu?"

Kwenye benchi la nyuma mtu mmoja akasema "Eh!" na mwingine akasema "Baba yangu!"

"Injini... ile ni mali ya serikali," mzee akasema. Jasho lilikuwa limefika kwenye kidevu.

"Ndiyo, Babuji. Kwa hiyo kisu cha mboga kinaheshimiwa, injini hapana. Nimeelewa. Na ile nazi? Uliiruka, au gurudumu lilipita juu yake?"

"Mwanangu..."

"Naomba kujua tu. Mwakani nitakapokaa na mama tukapanga maua, na majirani wakaniuliza mkweo siku ya Baba hufanya nini, niwaambie nini? Niwaambie huwasha injini? Nikisema hivyo nitakuwa nimesema kweli, au nitakuwa nimekutukana?"

Wale wenzake wa nyuma hawakuwa wanamtazama tena Kajri. Walikuwa wanamtazama Baleshwar Mistri. Dereva mmoja mzee, ndevu nyeupe, akainuka nusu akauliza kwa uchungu wa kweli, "Baleshwar! Ulilikata shada?"

Hapo mzee akalipuka.

"Mimi?" Akasimama, kiti kikaanguka nyuma. "Mimi nishike mpini siku ya Baba? Mimi? Tangu nimeajiriwa mkono huu haujagusa chuma siku ile! Shada lilikaa shingoni mwa injini mpaka jua lilipozama, na peremende za laddu nikagawa mwenyewe, nyie wote mlikula! Mabehewa yalikuwa kule nje, yangekuja kwa miguu? Asiwepo mtu wa kusema Baleshwar Mistri alifanya kazi siku ya Vishwakarma! Nifukuzeni! Nyang'anyeni kiinua mgongo! Lakini hilo asiwepo wa kulisema!"

"Baba Vishwakarma ki jai!" benchi la nyuma likafyatuka kumtukuza kama mtu mmoja. Hata tarishi wa mlangoni aliitikia, kisha akakumbuka yuko kazini akatazama viatu vyake.

Mheshimiwa Ekka akagonga meza mpaka wino ukaruka. Bibi Bagchi alikuwa anatafuta kitu ndani ya faili, karatasi zinamporomoka. Chaurasia alifumbua jicho moja, kisha la pili.

Kajri hakucheka. Alimwona mzee akijitazama mikono, kama anayeshangaa kuona bado ni yake, na moyo ukampasuka katikati. Bohari ilikuwa karibu kurudi mkononi. Farasi alikuwa anakwenda zake.

"Mheshimiwa!" Bibi Bagchi akapata sauti. "Mzee amechanganyikiwa! Maandishi ya stesheni yanasema asubuhi!"

"Nimeyaona," akasema Mheshimiwa Ekka. "Na maandishi hayajiandiki yenyewe. Mzee, okota kiti ukae. Umeapa mara moja, sitakuapisha tena. Ni nani aliyekwambia useme asubuhi? Mkubwa wa stesheni?"

"Mkubwa wa stesheni?" Mzee akashangaa kweli. "Yule kutwa ile alikuwa kwetu kwenye puja, anakula. Hajawahi kuniambia neno."

Kajri akageuka. Hajawahi kumwambia neno?

"Basi ni nani?" akauliza Mheshimiwa Ekka.

Mzee akainua mkono. Kidole kikampita Bibi Bagchi, naye akarudi nyuma hatua. Kikampita Chaurasia. Kikapita juu ya vichwa vya benchi la nyuma, mmoja mmoja, kila mtu akijifinya. Kikafika mlangoni. Kikasimama.

"Mwanangu," akasema.

Avdhesh hakutikisika.

"Yeye ndiye karani wa mabehewa," mzee akaendelea, na sasa sauti yake ilikuwa ndogo. "Alikuja akaniambia, 'Babuji, nimeandika asubuhi ili nikuokoe. Ukiulizwa, nawe sema asubuhi.' Nikamwambia, na Kajri je? Akasema tozo itasamehewa, binti hatadhurika, bohari haitaguswa. Nikamwamini. Nimekaa hapa leo nikamsikia mama huyu anasema kibali kifutwe. Ndiyo kwanza nasikia."

"Babuji, umechoka," akasema Avdhesh. "Twende nyumbani."

"Sijachoka."

Kajri aliyasikia tena yale aliyoambiwa nje, neno kwa neno. Bohari ya nini? Utakaa ndani, utapumzika. Alimtazama mwanaume ambaye mwezi ujao alipaswa kuuzunguka naye moto wa ndoa, na kwa mara ya kwanza akaiona kalamu mfukoni mwake.

Mbele ya mkwe mtu hufunika kichwa. Kajri akaushika mtandio, akautelemsha taratibu mpaka mabegani. Ukumbi mzima ukavuta pumzi, na Baleshwar Mistri akafunika uso kwa mikono yake mikubwa.

"Mheshimiwa," akasema Kajri, na sasa macho hayakuwa chini, "nina shahidi mmoja zaidi. Nina swali moja tu kwake. Nataka aniambie, siku ile aliposhika kalamu, alikuwa anamwokoa babake, au alikuwa ananifungia mimi ndani?"

Mkono wa Avdhesh ulikuwa tayari umeshafika kwenye mlango.

"Kaka tarishi," akasema Kajri, bila kupaza sauti, "tia komeo."